Mume wa Kuazima

Miaka ile ya tisini tulipokuwa tukiishi Lodwar, kila Jumamosi nilikwenda Kakuma kufundisha watu wazima kuandika vichekesho. Parokia ya huko ilikuwa na jarida dogo lililochapwa kwa mashine ya saiklostaili, na ukurasa wake wa mwisho ulikuwa mtupu. Padri alisikia kwamba mimi ni mwalimu wa Kiswahili na tena nina mdomo, akaona nafaa.

Mume wangu ndiye aliyeniendesha. Alikuwa ofisa wa maji, na siku hiyo alikagua pampu za Kakuma. Barabara ile ilipitika kwa msafara tu, magari yote nyuma ya askari, kwa hiyo akimaliza kazi alikuja kukaa kwenye benchi la nyuma darasani kwangu na kusinzia mpaka saa ya kuondoka. Mimi nafundisha kuchekesha, yeye anakoroma. Matusi mengine hayana maneno.

Niseme wazi nilichokuwa nataka. Nilitaka acheke, na niwe mimi niliyemchekesha. Tangu tuhamie Lodwar na kuwaacha watoto shuleni Kitale, nyumba yetu ilikuwa imepoa, na mganga hajigangi. Jioni moja, wenzake wa ofisini wakiwa mezani petu, nilisema mume wangu ni bwana wa maji wa wilaya nzima isipokuwa jikoni kwangu. Wageni walivunjika mbavu. Yeye aliacha kutafuna, akatoka nje kuangalia pipa la maji.

Wanafunzi wangu walikuwa Waturkana wachache na Wasudan wengi wa kambi ya wakimbizi. Kosa lao lilikuwa moja: kila kichekesho kilimalizika kwa funzo. Fisi ametumbukia kisimani, watu ndio kwanza wanaanza kucheka, mara msomaji anakaza uso na kusema hadithi hii inatufundisha tusiwe na tamaa. Shule na kanisa vilikuwa vimewaharibu. Nilifyeka mafunzo hayo kwa wino mwekundu, kisha nikawapa sheria yangu: mcheke mtu wa nyumbani mwako, maana huyo unamjua. Mzee mmoja Mturkana alikubali kumcheka chifu na hata wake zake, lakini si maksai wake, maana kwa desturi yao mzee mwenyewe aliitwa kwa jina la maksai huyo. Nilimwacha.

Mama mmoja wa Sudan, aliyekuwa muuguzi kwao kabla ya vita, alikaa tu bila kuandika. Nilimuuliza kuna nini.

"Mwalimu, nyumba yangu iko mimi tu," alisema. "Nipatie mzee yako, niandike yeye."

Darasa lilicheka. Nami nilicheka, nikamwambia amchukue.

Jumamosi iliyofuata alisimama kusoma. Katika kichekesho chake, bwana wa maji alikuja kutengeneza pampu yao. Akaigonga, akaiwekea sikio, akaibembeleza kwa Kiingereza. Jasho likamtoka, akaomba maji ya kunywa. Akapewa, akauliza yametoka wapi. Akaambiwa yametoka kwenye pampu hiyo hiyo, jana, kabla hajaja kuitengeneza. Akanywa yote, akarudisha kikombe, akaenda kuiomba pampu msamaha.

Mume wangu alikuwa macho. Alicheka mpaka akashika ukuta. Nikaona magego yake, ambayo sikuwa nimeyaona tangu Kitale. Kisha akapaza sauti kwamba ni kweli tupu, huwa anaongea na pampu. Miaka yote ya ndoa yetu sikujua kwamba mume wangu anaongea na pampu.

Niliona wivu. Nilikitafutia kosa kichekesho kile, kalamu nyekundu mkononi, nisipate pa kukata. Yule mama alikuwa amefuata kila nilichomfundisha. Afadhali angekuwa anamtazama mume wangu, ningejua la kufanya. Lakini alikuwa ananitazama mimi, anangoja kusahihishwa. Nilimwambia mwandiko wake ni mdogo mno.

Tukirudi Lodwar, vumbi la msafara likitugonga kiooni, nilimsimulia tena kile kichekesho. Nilikisimulia vizuri kuliko yule mama, nikajua mahali pa kunyamaza na mahali pa kuharakisha. Akatabasamu, kama mtu anavyomtabasamia karani wa benki. Nikashindwa kuvumilia. Nilimuuliza kwa nini vichekesho vya yule mama vinamchekesha na vyangu havimchekeshi.

Alipunguza mwendo, gari la mbele lisitufunike kwa vumbi.

"Mama watoto, yule anasema vile niko," alijibu. "Yako nikisikia, natafuta kosa langu."

Hakusema kwa hasira, na hilo ndilo lililonimaliza. Tulipofika nyumbani alishuka kufungua geti huku akichekacheka peke yake, nami nikabaki ndani ya gari nikingoja amalize kucheka.