Murielle Hafupishi

Ukitaka kumjua Murielle, usianzie saluni. Anzia kanisani, Jumapili, huko Yeoville, ghorofani juu ya duka la magodoro, pale mchungaji Ezéchiel anapovua koti na kulitupa kwenye kiti. Murielle naye anavua sweta na kuitupa kwenye kiti hicho hicho. Mchungaji akipiga goti, naye yuko chini. Mchungaji akinong'ona, ananong'ona. Mchungaji akilia, Murielle machozi yanamtoka, machozi ya kweli, na papo hapo Kiingereza kinamiminika mdomoni mwake bila kukwama, kwa ajili ya wageni wa Kinaijeria, wake wa Kizulu walioolewa na Wakongo, na watoto waliozaliwa hapa Johannesburg ambao Kiswahili wanakisikia, ila ukiwaongelesha wanakujibu kwa lugha ya shuleni.

Kwenye mikutano ya mataifa makubwa mkalimani hufungiwa ndani ya kibanda cha kioo, na sauti yake humfikia mjumbe ikiwa imepoa kama chai ya jana. Katika makanisa ya Wakongo mkalimani ni mwili wa pili wa msemaji. Anasimama bega kwa bega naye, anasema "mimi" akimaanisha yule mwingine, na mikono yake huenda inakokwenda mikono ya mwenzake. Ezéchiel alimpa sharti moja tu siku alipomkabidhi kazi hiyo: asipunguze. Hata mchungaji akisema upuuzi, upuuzi ufike mzima, na aibu abaki nayo mwenye maneno. Kuna Jumapili Ezéchiel alimtania mke wake mbele ya waumini juu ya mboga ya sombe aliyoiunguza, na Murielle akaitafsiri sombe hiyo mpaka na moshi wake. Mama mchungaji alimnunia mumewe wiki nzima. Murielle alisalimiwa kama kawaida.

Siku nyingine zote anasuka nywele barabara ya Rockey, pamoja na Belyse, Mrundi mwenye mdomo usiokaa kimya. Amekuwa akisuka tangu alipofika kutoka Likasi, mji wa migodi huko Kongo, akiwa msichana, na sasa mikono imeanza kudai haki yake. Akiamka asubuhi, vidole vya mkono wa kulia havikunjuki mpaka avitie kwenye beseni la maji ya moto. Nesi wa kliniki alimwambia aache kusuka. "Niache, halafu?" Murielle alimuuliza, na nesi akaita mgonjwa mwingine.

Basi Gervais alipoingia saluni, alikuta mtu anayehitaji sana kile alichokuja nacho. Gervais alikuwa Mrundi kama Belyse, lakini wa kusoma, mwenye kampuni ndogo ya ushauri na ofisi upande wa Rosebank. Belyse alimtazama kuanzia chini.

"Hivi viatu havijawahi kubanana kwenye teksi," alisema.

Gervais alicheka kwa adabu, akamgeukia Murielle. Kulikuwa na kampuni ya Ufini, alieleza, inayotengeneza betri za magari ya umeme. Betri zinahitaji kobalti, na kobalti inatoka kwa akina Murielle. Kampuni ilitaka kuwasikiliza watu wa huko, na Johannesburg imejaa watu wa huko. Yeye alikuwa ameajiriwa kuandaa mikutano, na alikuwa amesikia kwamba mkalimani bora wa Yeoville ni mwanamke huyu. Ijumaa kungekuwa na mkutano wa kwanza. Ukienda vizuri, atapewa mkataba wa mwaka mzima, kazi ya ofisini.

"Ya kukaa kwenye kiti?" Murielle aliuliza.

"Ya kukaa kwenye kiti, dada."

"Chenye magurudumu?" Belyse aliingilia.

"Nadhani vina magurudumu."

"Dada Murielle, ukikataa nakunyoa leo leo."

Murielle hakukataa. Usiku ule alijiona akizunguka kwenye kiti, mikono imelala mapajani, haina nywele za mtu.

Kosa la Gervais lilikuwa moja: alikuwa amesikia sifa za Murielle, hajamwona akifanya kazi.

Mkutano ulifanyikia kanisani kwao, maana Gervais alikodi ukumbi huo huo. Mgeni alikuwa Aino, mhandisi wa kike mwenye nywele nyeupe fupi na soksi za sufu ndani ya makubazi, mwezi wa kumi, Johannesburg ikichemka. Alipoanza kuzungumza, Murielle alisogea akasimama begani pake. Aino akahama kidogo. Murielle akahama naye. Wakaendelea hivyo, sentensi baada ya sentensi, mpaka Aino akafika ukutani na hakuwa na pengine pa kwenda. Hapo ndipo alipokubali kwamba nchi hii mambo hufanywa hivi.

Aliwaonyesha picha. Kiwanda kando ya bahari, theluji imekizunguka, hakuna moshi. Umeme wake, alisema, unatoka kwenye mito na upepo. Na joto linalotoka kwenye matanuri halitupwi: linaingizwa kwenye mabomba yanayopita chini ya barabara, linapasha nyumba za mji mzima, shule na bwawa la kuogelea. Mama yake mwenyewe, mwenye umri wa miaka themanini na zaidi, anaoga maji yaliyopashwa na kiwanda hicho. Aliposema hivyo alitabasamu na kugusa shavu. Murielle alitabasamu na kugusa shavu. Ukumbi ukaguna kwa kupendezwa. Mama za watu wanajulikana kila mahali.

Kisha ikawa zamu ya watu kusema, na wa kwanza alikuwa papa Gaston. Huyu ni mzee anayelinda mlango wa ghorofa moja kuukuu mtaani Berea, lakini kabla ya hapo, enzi za nguvu zake, alikuwa fundi katika kiwanda cha kusafisha madini Likasi. Gervais alimfungulia njia kwa sauti ya msibani.

"Papa Gaston, tueleze maisha yalivyokuwa magumu kule machimboni."

"Machimboni? Miye sikuchimba hata kaburi. Nilikuwa fundi. Nilikuwa na nyumba ya kampuni, baiskeli mbili, na wanawake walikuwa wananisalimia kwanza."

Ukumbi ulicheka. Murielle akatoa kifua mbele kama Gaston, akawa na baiskeli mbili kwa Kiingereza, na Aino naye akacheka. Gervais peke yake hakucheka.

"Madame," Gaston akaendelea, akisimama vizuri, "nimefurahi kuona kiwanda chako. Kizuri sana. Miye pia nilisafisha kobalti. Chako kimezungukwa na theluji, chetu kilizungukwa na mbuzi, lakini kazi ni ile ile. Sasa niko na swali. Jiwe linatoka kwetu. Mto tunao, mabwawa ya umeme yapo tangu Wabelgiji na maji bado yanateremka. Watu wa kazi tupo. Wengine wetu tunafungua milango huko Berea, tukisema habari za asubuhi. Mama yako anaoga joto la kiwanda. Mama yangu alikufa akipuliza makaa. Kwa nini jiwe ndilo linasafiri na kiwanda kinakaa? Kwa nini kiwanda kisilifuate jiwe?"

Murielle alikuwa naye neno kwa neno, kidole kimenyooka kilikonyooka kidole cha Gaston. Yeye pia alikulia Likasi. Baba yake alirudi nyumbani jioni nyingi akiwa na vumbi la kijani kwenye kope, na hakuna aliyewahi kuuliza swali hilo mbele yake kwa sauti.

"Na msinijibu kwa kisima!" Gaston alipiga sakafu kwa mguu, na Murielle akapiga wa kwake. "Kila tukiuliza kiwanda, mnatuletea kisima na picha ya mtoto anakunywa maji. Tumeshiba visima!"

Hapo Gervais alimsogelea Murielle, akainama, akashika tai yake, akamwambia kwa Kiswahili, taratibu, midomo ikitabasamu kwa ajili ya mgeni:

"Dada, fupisha. Mwambie tu mzee anaomba kampuni ifikirie maendeleo ya jamii. Kumbuka mkataba."

Murielle alimtazama. Alikumbuka mkataba vizuri kabisa. Aliuona na magurudumu yake. Aliviona pia vidole vyake ndani ya beseni, asubuhi ya kesho, ya keshokutwa, na ya mwaka ujao. Halafu akafanya kile ambacho mwili wake ulizoea kufanya kila mtu anapotoa sauti pembeni yake akiwa amesimama mbele za watu. Akamgeukia Aino, akainama, akashika tai ambayo hakuwa nayo, akatabasamu tabasamu lile lile, na kwa Kiingereza safi akasema: "Dada, fupisha. Mwambie tu mzee anaomba kampuni ifikirie maendeleo ya jamii. Kumbuka mkataba."

Aino alimtazama Gervais. Gervais akaachia tai.

"Eish," mtu mmoja wa nyuma alisema.

Aino alichukua karatasi zake. Alirekebisha miwani, akatazama dirishani, akaanza kusoma kwamba kampuni inatambua umuhimu wa ushirikiano wa muda mrefu, na kwamba suala la kuongeza thamani ya madini mahali yanapotoka linaangaliwa ndani ya mfumo mpana wa mashauriano. Murielle alirekebisha miwani hewani. Akatazama dirishani. Akasema mfumo mpana wa mashauriano kwa sauti ile ile ndogo, shingo imeingia mabegani, macho yakiwakwepa watu.

Kicheko kilianzia kwa wanawake wa upande wa kushoto, kikazunguka ukumbi mzima. Gaston alitoa leso akajifuta macho.

"Wanacheka nini?" Aino aliuliza, na Murielle akawauliza watu wanacheka nini.

"Mwambie tunacheka jibu," alisema Gaston.

Akaambiwa. Aino alimkodolea Murielle macho kama mtu aliyepita mbele ya kioo cha duka akajikuta amevaa shati nje ndani. Kisha akaweka karatasi chini. Akavua miwani.

"Hapana," alisema. "Hakuna mpango wa kujenga kiwanda huko. Nimekaa kwenye vikao vingi na swali hilo halijawahi kuulizwa. Hata mimi sijawahi kuliuliza."

Safari hii Murielle hakuwa na la kuigiza. Aliwaambia watu kama alivyoambiwa, akiwatazama, mikono imetulia.

"Aa," alisema Gaston, akikaa. "Huyu sasa ameongea. Basi aende aulize."

Gervais alimsubiri Murielle kwenye ngazi. Alikuwa na hasira, na hasira ilimrudisha kwenye Kiswahili cha nyumbani kwake.

"Unajua ulichokifanya? Wale watu hupendi waje? Unadhani kesho watarudi kusikiliza matusi?"

"Hayakuwa matusi. Yalikuwa swali."

"Mkalimani mwenye akili anajua cha kupitisha!"

"Huyo ni mtu wa forodha, kaka Gervais. Mi siko forodhani."

"Kesho mkutano ni Turffontein. Usije. Kuna kijana anaitwa François, ana digrii ya lugha. Mambo ya kiti, sahau."

"Sharp, nimesikia," alisema Murielle, akashuka ngazi.

Saluni, Belyse alisikiliza kisa chote akiwa na chanuo mdomoni. Alipolitoa alisema, "Kwa hiyo umekitupa kiti."

"Nimekitupa."

"Mjinga wewe." Akamvuta mteja kichwa upande wake. "Nenda ukapumzishe hiyo mikono. Wa kesho nitawasuka mimi."

"Nani kakwambia kesho siji?"

"Uso wako."

Kesho yake Murielle alipanda teksi kwenda Turffontein, amebanwa kati ya papa Gaston na dirisha. Hakuna aliyewaalika. Ukumbi ulikuwa wa kukodi, karibu na uwanja wa mbio za farasi. Gervais alikuwa mlangoni, na alipomwona aliinua mkono kumzuia, lakini nyuma ya Murielle kulikuwa na msururu wa kina mama wa Kikongo waliokuja na vitenge vyao vya Jumapili, na haikuwezekana kumzuia mmoja bila kuwazuia wote. Alipita. Akakaa benchi la mbele kabisa.

Mama Brigitte ndiye aliyeinuka kwanza. Alikuwa mjane kutoka Kolwezi, mji mwingine wa migodi, mwanamke mnene mwenye sauti ya sokoni. Alieleza jinsi mtaa wao ulivyohamishwa kupisha mgodi, jinsi nyumba mpya zilivyojengwa na nguzo za umeme zikasimamishwa, nyaya zikapita juu ya mapaa yao zikaenda mgodini, na taa ya kwanza aliyoiona ikiwaka pale ilikuwa ya lori. Alieleza mwanawe anayesoma kwa mwanga wa simu. Alieleza kwa muda mrefu, akirudi nyuma, akiongeza, akinyoosha mkono kuonyesha nyaya zilivyopita.

François alikuwa amesimama mbali naye, mikono mgongoni, kijana mwenye adabu. Alisubiri amalize. Kisha akamwambia Aino kwa Kiingereza kizuri: "Anasema kuna changamoto za umeme katika eneo lao."

Mama Brigitte hakujua Kiingereza, lakini alijua urefu wa kitu. Alimtazama kijana, akamtazama mzungu, akatazama ukumbi.

"Ndiyo hiyo tu?" aliuliza. "Yote yale, ndiyo hiyo tu?"

Aino alikuwa ameshageuka. Alikuwa akitazama benchi la mbele. Ukutani Gervais alitikisa kichwa polepole: hapana, hapana.

Murielle aliinuka, akazunguka meza, akamwomba François samahani, akasimama begani pa mama Brigitte, karibu kabisa, mpaka vitenge vyao vikagusana.

"Anza tena, mama," alimwambia. "Anza na nyumba yako ilivyokuwa. Na usiharakishe."