Mkanda Bubu wa Mama

Matrah, huku Omani, hakuna mtu aliyepiga hodi. Watu waligonga, au waliita kwa Kiarabu, au waliingia tu. Kwa hiyo asubuhi ile tuliposikia "Hodi wenyewe!" nje ya mlango wa mjomba, mama aliviacha vitumbua viungue kwenye chuma, akaniangalia. Tangu tutoke Unguja, neno lile tulikuwa tunaambiana sisi kwa sisi.

Nje alisimama Mzungu mrefu, mwekundu kwa jua, kofia mkononi. Alikuwa Mjerumani, mpiga picha za sinema, ameletwa na kampuni ya mafuta. Ati harufu ya vitumbua ndiyo iliyomvuta. Kiswahili alikiokota Tanga na Unguja, kwenye kazi za zamani. Kibovu, maskini, lakini alikisema bila haya. Mjomba akamkaribisha, mama akamtilia sahani, na tangu hapo akawa mgeni wetu wa Ijumaa.

Siku zile zikinijia sasa huwa nusu ndoto: moshi wa udi, jua linapenya tundu za mkeka, sauti ya mgeni inakwenda polepole ikitafuta maneno. Mie nilikuwa msichana mkubwa, nimeshaposwa, na kuuliza sikuacha. Akanihadithia kuwa alianza kazi Hamburg, kwao, akimbebea lenzi mpiga picha mwengine. Akapanda, akapiga sinema za mapenzi, waigizaji wa kike wakimbembeleza awafichie makunyanzi. "Sinema, siku nzima nangoja jua moja," alisema. "Televisheni, dakika kumi, basi." Sinema zikamkauka, televisheni ikamchukua, ikamtupa dunia nzima apige bandari na mabomba ya mafuta. Hata hapa ruhusa yake ilikuwa ya mabomba tu. Mji usipigwe, watu wasipigwe. Alisema hivyo huku analitazama jua la ukuta wetu kama mtu mwenye njaa.

Ijumaa moja akasema akitoka hapa atapita Unguja. Lo! Pazia la ndani likafunguka, mama akatoka. Mama huyu aliyekuwa akiwakimbia hata wapiga picha wa harusini!

"Mwambie anipige," akaniambia. "Akamwonyeshe mama."

Bibi alibaki Unguja na dada yake mgonjwa. Alisema atatufuata, hakufuata. Mama hakuwa na haja nyengine duniani ila mama yake ajue kwamba yeye yu mzima, kisha aje. Mjomba akanuna, mwisho akakubali, kwa sharti picha ile asiione mtu mwengine ila bibi na sisi wa nyumbani.

Mjerumani akamsimamisha uwani, pale mwanga wa ukuta mweupe ulipomrudia usoni. Akamsogezea shavuni kidude cha kupimia mwanga. Mama midomo ikimcheza, anasoma Ayatul Kursi. Aliambiwa atulie, atazame tu. Atulie wapi! Kamera ilipoanza kukoroma, naye akaanza.

"Shikamoo mama. Nnaishi vizuri. Lile jino halinisumbui tena. Kaka ananitunza, na mjukuu wako kaposwa. Vitumbua vyako nnapika lakini haviumuki, sijui unga wa huku una nini. Njoo unifunze. Njoo, mama, usichelewe."

Kanga ikamteleza begani, akairudisha. Mjerumani akafuta jasho.

"Mama mzuri sana," akasema. "Lakini sauti hakuna. Mashine hii inachukua sura tu."

Nilitamani kumtia kofi. Mama akamkodolea macho, kisha akacheka mpaka akakaa chini. "Kumbe napayuka bure!" Akanishika mkono, akanibana hasa. "Wewe umesikia. Utamwambia wewe."

Unguja hawakumruhusu aingie. Mkanda ukaenda kulala Ujerumani, na mama akawa anauliza, "Mjerumani wangu hajarudi?" Mpaka mwaka wa sabini homa ikamchukua, Mungu amrehemu. Sikuwahi kukasirika vile, kufa hajaonana na mama yake. Muda si muda mambo ya Omani yakafunguka, wageni wakaruhusiwa kuingia, na ndege ikamshusha bibi pale Ruwi, kiwanja cha ndege cha wakati huo, bonde tupu. Alikuwa ameshamzika dada yake. Habari ya mama alipewa na mjomba palepale uwanjani, hajapiga hata hatua kumi.

Mjerumani naye akarudi, safari hii na ruhusa ya kupiga mji na watu wake. Akapiga hodi, kopo la mkanda kwapani. Nilimwambia karibu huku nalia.

Tukaziba madirisha kwa mablanketi, mchana. Shuka ukutani, umeme wa jenereta ya jirani. Vumbi likaelea ndani ya mwanga, na mama akatokea, mzima, anatukazia macho. Midomo ikaanza kwenda.

"Anasema nini?" bibi akauliza.

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu."

Nikamfuata neno kwa neno. Jino. Kaka. Posa yangu. Nilipofika kwenye vitumbua, bibi akamgombeza, "Unazidisha maji wewe, mara ngapi nnakwambia!" Mama akairudisha kanga begani. Nikajua kilichobaki.

"Anasema nini?"

"Njoo, mama. Usichelewe."

Mkanda ukakatika, shuka likabaki jeupe. Bibi akanyanyuka, akajikokota mpaka ukutani, akaweka kiganja pale uso ulipokuwa.

"Nishakuja, mwanangu," akasema. "Nimechelewa."