Zimwi la Kwenye Chanja

Sisi hatukufundishwa kuchambua kahawa. Sisi ndio tuliolifundisha zimwi. Msimu wa mavuno, nyumbani kwetu Nanyala, tulizunguka chanja ambapo kahawa ilianikwa, na mama akaanza kuongea puani. Hapo tulijua zimwi limefika. Lilikuwa zimwi pole, lenye hamu ya kujua kila kitu, ila zito la kuelewa ajabu. Punje nzuri lilizitupa. Zilizotobolewa na wadudu lilizitunza, eti kwa sababu zina madirisha. Tulilikemea hadi sauti zikatukauka: "Siyo hiyo, wewe zimwi!" Kufika jioni mikono yetu ilikuwa inachambua yenyewe, na hakuna mtoto aliyekuwa ameambiwa amekosea.

Binti yangu amekulia Tunduma, nyuma ya duka langu la vitenge. Ana miaka saba na anaogopa kukosea kuliko anavyoogopa mbwa. Akiulizwa swali darasani ananyamaza, na mwalimu wake ananiambia mtoto ni mzito. Mzito! Nyumbani ananisimulia hadi nachoka. Nilijaribu kumletea zimwi mimi mwenyewe, nikaongea puani, akaniuliza kama nina mafua. Nikasema basi, nitampeleka kwa bibi yake. Nikasema hivyo msimu ule, nikasema tena uliofuata. Duka halikosi sababu, na Nanyala, nilijiambia, haihami.

Mwaka huu tukaenda. Mama alitupokea kwa vigelegele, akatuketisha kwenye chanja, akaanza kuchambua. Nzuri akatupa. Mbovu akaweka kwenye ungo. Moyo wangu ukaruka kwa furaha: zimwi limefika. Nikamwonyesha binti yangu upesi ipi nzuri na ipi imetobolewa, nikamkonyeza.

"Bibi, siyo hiyo!" alipiga kelele. Sijawahi kumsikia akiwa na sauti kubwa hivyo mbele ya mtu mzima. Akaiokota punje, akairudisha, akacheka.

Mama hakucheka. "Sasa mbovu ni ipi, mjukuu wangu?" aliuliza kwa sauti yake mwenyewe, macho yakihangaika juu ya kahawa aliyoilima maisha yake yote.

Nikamtazama mdogo wangu, anayeishi na mama. Akainamisha kichwa. "Alianza kusahau tangu mwaka jana, dada," alisema kwa sauti ya chini. "Kila nikikupigia, unasema utakuja."

Ni kweli nilisema.

Binti yangu hakutusikia. Alikuwa ameshika kidole cha bibi yake, anakipitisha juu ya tundu la mdudu. "Hii hapa, Bibi. Na usiogope. Ukikosea nitakuonyesha tena."

Ningemleta msimu ule wa kwanza, angejifunza hayo hayo, na mama angekuwa anacheza tu.