Kompyuta Hakosei

Neno kompyuta lilifika Itaka miaka mingi kabla ya kompyuta yenyewe. Mwanzoni mwa miaka ya tisini hakuna mtu pale kwetu aliyekuwa ameiona, hata walimu, ila kila mmoja alijua maana yake. Kompyuta ni mtu anayepiga hesabu kichwani, bila karatasi wala vidole, na jibu likatoka kabla aliyeuliza hajafunga mdomo. Mtu huyo nilikuwa mimi. Nilikuwa na miaka kumi na tatu, miguu kama vijiti, na sketi ya shule niliyorithi kwa dada yangu.

Ngoja nieleze vizuri, maana siku hizi watu wanachanganya. Kwetu mwenye akili alikuwa yule anayejua kuishi na watu, anayenyamaza penye ugomvi na kusema penye msiba. Mjanja alikuwa mjanja, hahitaji maelezo. Kompyuta lilikuwa neno la hesabu tu. Uliweza kuwa kompyuta na bado ukaambiwa huna akili, na mama yangu aliniambia hivyo mara nyingi, hasa siku nilizoacha maharage yakaungua huku nimekaa palepale jikoni.

Na lilikuwa na matumizi yake. Fundi wa matofali alinisimamisha njiani: chumba cha futi kumi kwa kumi na mbili, kuta za kimo hiki, matofali mangapi? Mzee mmoja alitaka kujua ng'ombe wake aliyepandwa mwezi wa pili atazaa lini. Akina mama waliniuliza zimebaki siku ngapi hadi Krismasi, na nadhani wao waliuliza kwa kunichezea tu. Nilijibu, wakacheka, wakasema "kompyuta huyo", wakaenda zao. Hakuna hata mmoja aliyewahi kusema, kompyuta, njoo ukae. Nilizoea, lakini sikufichi, iliniuma.

Shuleni ilikuwa mbaya zaidi, kwa sababu walimu walinitumia. Kila mwisho wa muhula mwalimu mkuu aliniita ofisini, akanipa karatasi ya alama za darasa zima, na mimi nikatafuta jumla, wastani na nafasi ya kila mwanafunzi. Walimu watatu walikuwa wanaifanya kazi hiyo kwa siku mbili. Mimi niliimaliza kabla ya mapumziko. Sasa fikiria mwenyewe: wewe ni mtoto, na kuna mtoto mwenzako anayejua umeshika mkia kabla wewe hujajua. Utamwita mcheze rede? Nilipofika uwanjani mazungumzo yalikatika. Waliokuwa wamekaa chini walisimama, wakajifanya wana safari.

Mmoja tu hakusimama. Tulikaa dawati moja tangu darasa la tatu. Kwao na kwetu kulitenganishwa na mashamba mawili ya kahawa, na asubuhi alinisubiri njiani hata mvua ikinyesha. Yeye hakuwa na haraka ya kitu chochote. Hesabu aliziandika hatua kwa hatua, mstari chini ya mstari, haruki hata mmoja, nami nilikuwa namcheka. "Bado tu unagawanya?" Ananiangalia, anatabasamu, anaendelea kugawanya. Alipata chache kuliko mimi, lakini alizozipata alizijua.

Tulipokuwa darasa la saba, mtihani wa majaribio uliangukia msimu wa kuchuma kahawa. Wa Mbozi wanajua msimu huo unavyokuwa. Kahawa ikishaiva haimsubiri mtu. Pale kwetu kuchuma kulikwenda kwa zamu, leo shamba la huyu, kesho la yule, na kila nyumba ilitoa mtu wa kusaidia. Zamu yetu iliangukia siku ya mtihani wa Jiografia. Mimi nilikuwa nimeshafunga kanga kiunoni nichume, mama akaniambia, "Wewe nenda shule, mwanangu. Walimu wanakuhitaji." Nyumba ya rafiki yangu ilikuwa haina mtu mwingine wa kutoa, mama yake alikuwa na mtoto mchanga, ikamtoa yeye. Kwa hiyo mimi nilifanya Jiografia, na yeye akashinda kwenye shamba letu akijaza vikapu vyetu.

Mwalimu mkuu hakuwa mkali kwa hilo. Madawati yetu yalinunuliwa kwa kahawa hiyohiyo, angeanzia wapi kugomba? Alikuwa na utaratibu wake: mtoto aliyekosa somo kwa ajili ya kuchuma asiwekewe sifuri, awekewe kistari, na wastani wake ugawanywe kwa masomo aliyofanya. Masomo yalikuwa saba. Rafiki yangu alifanya sita.

Mtihani huo ulikuwa na uzito wake. Wanafunzi ishirini wa kwanza walikuwa waingie kambi, yaani kulala pale shuleni miezi miwili wakifundishwa asubuhi na jioni, hadi mtihani wa taifa. Asiyeingia kambi alirudi nyumbani, kwenye kuchota maji na kulea wadogo zake, akasoma akipata nafasi, na nafasi hiyo hakuipata. Kila mtu alijua kwamba wa sekondari wangetoka kwenye wale ishirini. Rafiki yangu alikuwa amejiandaa kabisa. Alikuwa na mkeka mpya, unga kwenye mfuko, na maharage aliyoyachagua mwenyewe moja moja.

Siku ya kutafuta wastani, walimu wawili waliwekeana soda juu yangu. Mmoja alisema nitamaliza kabla maji ya chai hayajachemka, mwingine akakataa. Wakaweka sufuria jikoni, mwalimu akashika saa yake, nami nikaambiwa, haya, anza. Wanafunzi sitini na wawili. Niliipitia karatasi ile mbio, kwa furaha ambayo hadi leo naionea aibu. Jumla, gawa kwa saba, andika. Jumla, gawa kwa saba, andika. Maji hayakuwa yamechemka. Walimu walipiga makofi, na aliyeshinda akanipa nusu ya soda yake.

Orodha ikabandikwa mlangoni. Mimi wa kwanza. Rafiki yangu wa ishirini na tatu.

Alisimama pale muda mrefu, akiisoma kuanzia juu hadi chini, kisha akaisoma tena. Mwalimu wa darasa akapita, naye akamuuliza kwa adabu kama nafasi ile ni sahihi. Mwalimu akamjibu, "Amepiga kompyuta mwenyewe hiyo," na hapo habari ikawa imekwisha. Tukiwa njiani kurudi, akaniuliza na mimi. "Uliangalia vizuri?"

Nilikasirika. Kwa kweli nilikasirika, kama mtu aliyetukanwa. "Kwani mimi huwa nakosea?"

Akasema, "Hapana." Akabadilisha mazungumzo, akaniuliza mdogo wangu amepona kikohozi.

Siku iliyofuata mwalimu mkuu alinipa kazi ya kunakili alama zote kwenye daftari kubwa la maendeleo. Nikafika kwenye jina lake, chini ya Jiografia, nikaona kistari. Mkono ulisimama. Jumla yake ilikuwa mia tatu tisini. Ukigawa kwa saba unapata hamsini na tano na ushee. Ukigawa kwa sita ni sitini na tano kamili. Nilizishusha alama za wenzangu wote kichwani, nikazipanga upya, na kichwa changu, ambacho hakikuwahi kunionea huruma, kikanipa jibu: wa tisa.

Ilikuwa Ijumaa. Kambi ilikuwa inaanza Jumapili jioni.

Usiseme nilikuwa mtoto sikuelewa. Nilielewa vizuri sana. Nilifunga daftari, nikaandaa sentensi yangu, nikaijaribu kimoyomoyo: Mwalimu, nimekosea. Maneno mawili tu. Mwalimu mkuu alikuwa ametoka nje, nikamsubiri. Aliporudi alikuwa na mgeni kutoka wilayani, mwanamume wa suti, na kabla sijafungua mdomo akaniwekea mkono begani. "Huyu ndiye niliyekuwa nakueleza."

Mgeni akanitazama kuanzia miguuni. "Mia tatu arobaini na saba mara ishirini na nane."

"Elfu tisa mia saba na kumi na sita."

Akatoa kalamu, akapiga hesabu yake kwenye bahasha, akachukua muda wake. Kisha akacheka. "Huyu huwa anakosea kweli?"

"Hajawahi," akasema mwalimu mkuu, na nilisikia fahari kwenye sauti yake. Hakuna mtu aliyewahi kunisemea hivyo, si baba wala mama. Nikaangalia sakafu. Sentensi yangu nilikuwa nayo mdomoni, nikaimeza. Nikaaga, nikatoka.

Jumapili nilibeba godoro langu kwenda kambini. Rafiki yangu alinisindikiza hadi kwenye miti ya mwanzo ya shule, akanipa mfuko wa maharage yake, yale aliyoyachagua, akasema yeye nyumbani hayamsaidii kitu. Niliyapokea. Kambini wasichana walitandika mikeka yao wakibanana upande mmoja wa darasa, na mimi upande wangu ukabaki wazi, hata mtu wa kumpa kisogo sikuwa naye. Yale maharage yalipikwa na ya wenzangu. Nilikula.

Nilichaguliwa sekondari. Yeye hakuchaguliwa, na niliporudi likizo ya kwanza nilikuta amepelekwa kwa shangazi yake bondeni Momba, na huko akaolewa. Sikumfuata wala kumwandikia. Nilijiambia sijui anapokaa, kana kwamba Momba ni ng'ambo ya bahari.

Walionitabiria makubwa walitabiri vibaya. Hesabu za sekondari zilikuwa na herufi ndani yake na zilitaka mtu mwenye subira, si mwenye mbio. Nilimaliza kidato cha nne kwa shida, nikateremka Tunduma, nikapata kazi kwenye duka la vifaa vya ujenzi. Neno langu likanifuata huko. Fundi alinitajia urefu na upana wa nyumba, nami nikamtajia mabati, na wateja wa ng'ambo ya mpaka walioniita mayo, yaani mama kwa Kibemba chao, walileta ndugu zao waje kunisikiliza. Baadaye simu zikaja na kikokotoo ndani. Kisha tajiri wangu akanunua kompyuta ya kweli, akaiweka mezani, na akisema "kompyuta imegoma" hakuna tena aliyegeuka kuniangalia mimi. Nilidhani nitapumzika. Badala yake nilikuwa narudi chumbani kwangu, napika chakula cha mtu mmoja, najipigia hesabu za namba za malori yaliyopanga foleni hadi nasinzia. Miaka ikaenda hivyo, karibu ishirini.

Rafiki yangu alikuja dukani siku moja, saa nne asubuhi. Nilimjua kwa jinsi alivyosimama, bila haraka. Walikuwa wamepata ufuta mzuri, mume wake amepandisha kuta, na yeye ametumwa kununua mabati. Tulishikana mikono tukashindwa kuachiana. Nikamvutia kiti, nikamnunulia chai na chapati, akanieleza watoto wake, nami sikuwa na wa kumweleza.

"Shule ilinishinda, mwenzangu," akasema, anacheka kidogo. "Baba aliniuliza mara moja tu kama nataka kurudia darasa. Nikamwambia, baba, kompyuta mwenyewe kaniweka wa ishirini na tatu, na ni rafiki yangu. Nirudie nini? Hata watoto wangu nawaambia wasitegemee kichwa cha mama yao."

Nikamwambia. Sijui ujasiri ulitoka wapi, labda ni ule upweke. Nikamwambia hukuwa wa ishirini na tatu, mimi nilikosea, nilikugawa kwa saba. Na papohapo, mtu wa kuzoea kujiokoa, nikaongeza uongo: "Nimegundua juzijuzi tu, nilipozikumbuka alama zako."

"Wewe hukosei," akasema. "Unanionea huruma tu."

Nikaandika nyuma ya risiti chakavu: mia tatu tisini, sita. Akaichukua kalamu mkononi mwangu, akagawanya mwenyewe, mstari chini ya mstari. Alipofika mwisho alikaa akiitazama ile sitini na tano. Macho yalimjaa machozi, na kwa kitambo nilifurahi, nikaona nimemrudishia kitu.

"Kwa hiyo ningekuwa wa ngapi?"

"Wa tisa."

Nilijibu kama ninavyojibu siku zote. Aliweka kalamu kaunta taratibu.

"Wa tisa," akasema. "Hiyo huwezi kuipata kwenye alama zangu peke yake. Ni lazima uwe na za darasa zima mbele yako. Na miaka yote hii hukuwa nazo."

Nikaichukua ile risiti, nikaikunja.

"Ulijua lini?"

"Kabla ya kambi."

"Siku ngapi kabla?"

"Mbili."

Akatikisa kichwa polepole, kama mtu anayehakikisha jumla. Akafunga pesa zake za mabati kwenye pindo la kitenge, akasimama.

"Siku mbili zingetosha," akasema, akavuka barabara kwenda duka la pili.