Bakteria wa Mama Osmunda

Siku yangu ya kwanza kazini, katika maabara ya udongo pale Mbinga, nilivunja mirija miwili ya kioo. Mkuu wa Maabara hakufoka. Alisema tu, "Mwanangu, hapa tunafuga. Na mfugo hauachwi na njaa."

Mifugo yenyewe ilikuwa bakteria, viumbe wasioonekana kwa macho, waliokaa juu ya rojo la chakula ndani ya mirija. Kila baada ya majuma machache niliwachota kwa kitanzi cha waya kilichopitishwa motoni, nikawahamishia kwenye rojo jipya.

Soko huria lilipoingia, ruzuku ya mbolea iliondolewa na maharage ya wengi yakawa manjano. Ya Mama Osmunda, mkulima wa Kigonsera, yalibaki kijani kwenye ngolo zake, yale mashimo yetu Wamatengo ya kulimia miteremkoni. Tukachimba mizizi. Ndani ya vinundu vyake walikuwamo bakteria wanaolisha mmea bila mbolea. Mkuu aliwapima mwaka mzima, kisha akavua miwani.

"Hawa hawana ukoo," alisema.

Bakteria huitwa kama sisi: ana jina la ukoo, wataalamu husema jenasi, na jina lake mwenyewe. Hawa walistahili ukoo mpya kabisa.

Tulipompelekea habari, Mama Osmunda akauliza, "Mtaniletea hilo jina?"

"Nitakuletea, Mama," nilidakia mimi, kwa kiherehere changu.

Lakini maiti hapewi jina. Sharti bakteria wapelekwe wakiwa hai kwenye hazina ya bakteria iliyoko ng'ambo, watunzwe huko. Kabla hatujawasafirisha, Mkuu akapunguzwa kazi, nami nikahamishiwa Chiwanda, ziwani, kukagua mpunga.

"Wachukue," Mkuu alininong'oneza.

Mirija sita tu, ingeingia mfukoni mwa koti. Ila Afisa Utawala alisimama mlangoni na orodha ya mali ya serikali, na mimi niliogopa kuitwa mwizi. Nikafunga kabati, nikamkabidhi funguo.

Niliporuhusiwa kurudi, baada ya miezi mingi, rojo lilikuwa limekauka na kujikunja kama gome. Nililia, sioni haya kusema. Nikakimbilia Kigonsera, shamba lilishauzwa, mnunuzi wa kahawa amejenga ghala juu yake. Mizizi ya majirani ilitoa koo zilezile za siku zote. Mkuu nilimwandikia ukweli. Hakujibu.

Mama Osmunda alinipokea nyumbani kwake kwa kikombe cha togwa.

"Shikamoo, Mama."

"Marahaba, mwanangu. Wale wadogo wangu wa kwenye mizizi wanaitwaje?"

"Wamepewa jina lako, Mama."

Alicheka hadi akafuta machozi kwa ncha ya khanga.

Vijana wa maabara mnaniuliza najivunia nini. Nilistaafu na barua ya utumishi mwema. Sikuiba hata kizibo. Mwaka huu tumemzika Mama Osmunda. Kanisani mjukuu wake alisoma wasifu: alizaliwa, aliolewa, na bakteria walishao maharage duniani wanaitwa kwa jina lake. Watu wakapiga makofi. Nilikuwa benchi la pili, na mimi nikapiga.