Kabla Hujafumua Kazi ya Mtu

Nakumbuka alasiri moja ya mwaka 1993, Idi ikiwa imekaribia, nilipofundishwa kazi ya filamu na fundi cherehani. Ujana ni moshi, mwanangu, ukienda haurudi. Basi nisikilize ungali nao.

Wakati huo nilikuwa natengeneza filamu zangu mwenyewe hapa Kigali, bila bosi wala kampuni. Nilipenda kupiga picha maisha ya kweli, kisha kuyachezea: nipunguze mwendo, niondoe sauti, nigeuze mambo. Mama Hadija, mjane aliyeshona nguo barazani kwake mtaani Biryogo, aliniruhusu nimpige picha akishona kanzu za watoto za sikukuu. Nami nikairudisha picha kinyumenyume. Uzi ukachomoka, mikono ikabanduka, kanzu ikawa kitambaa tena. Nilijiona nimefanya jambo kubwa.

Nikapeleka televisheni pale barazani, majirani wakajaa. Muuza mkaa akasema, "Mama Hadija, kumbe unashirikiana na panya kuharibu nguo!" Watu wakacheka. Lakini mama mmoja aliyeagiza kanzu ya mwanawe akauliza kwa sauti ndogo kama nguo yake ingali nzima, maana kuona nguo ya Idi ikifumuliwa kabla haijavaliwa ni mkosi. Kicheko kikakatika. Mama Hadija aliishi kwa wateja wa sikukuu, na nilianza kuwaona wakitazamana.

Hakunigombeza mbele za watu. Walipotawanyika ndipo akaniita.

"Mwana wanjye, mwanangu, uliniomba kunipiga picha nikishona. Kunifumua hukuniomba."

Nikaichomoa kanda ili nikaifute. Akanizuia. Akaingia ndani, akatoka na kanzu ya marehemu mumewe, akakaa mlangoni. Alisema amekuwa akiahirisha kuifumua ili amshonee mjukuu wake shati.

"Washa mashine yako," akasema. "Kufumua nako ni kazi, ila anayefumua ajue atashona nini."

Nikampiga picha mpaka shati likapata mikono. Kisha nikaunganisha ile picha ya kinyume na hii ya kweli, na safari hii nikamwonyesha yeye kwanza. Alitazama hadi mwisho, halafu akaniambia sasa niwaite majirani. Yule mama naye alikuja, na akaondoka na kanzu ya mwanawe.

Mwaka uliofuata ulitupokonya watu wengi, Mama Hadija akiwemo. Mjukuu wake, sasa mtu mzima, hunijia mara kwa mara kuitazama mikono ya bibi yake. Nikiiweka kanda ile nashukuru kwamba kila kilichomo alikikubali. Leo ningemuuliza nani?

Kwa hiyo, mwanangu, sikukatazi kujaribu. Chezea mwanga, geuza sauti, pita njia ambayo hakuna aliyeipita. Lakini sura ya mtu si kitambaa cha dukani. Kuuliza si ujinga: mwombe kabla, mwonyeshe kwanza, maadamu angali hapa kukujibu. Mungu akupe jicho pevu na mkono mpole, na awaweke sana wale unaowapiga picha, mzitazame kazi zako mkiwa pamoja.