Mayai ya Popo

Kagabo akikwambia kuna jambo asilolijua, mkimbize hospitali. Mwaka wa kumi na mbili huu ni jirani yangu hapa Kimisagara, sijamsikia hata siku moja akisema "sijui." Alilelewa Uganda, akarudi na Kiingereza chake na tai mbili za shingoni, akapata kazi Kacyiru, katika ofisi moja kubwa. Kazi yenyewe ni kupandisha bahasha ghorofa ya tatu na kuziteremsha. Lakini jioni akifika mtaani husema, "Sisi huko tumeamua." Haya baba, amueni.

Mimi, Mama Gwiza, ni fundi cherehani. Babu yangu, mfanyabiashara wa asili ya pwani, alituachia dini na Kiswahili; kibanda cha kushonea nimejitafutia mwenyewe. Juu ya dari yangu wanalala popo, wale wadogo wenye mikia. Sikuwaalika, lakini hatugombani. Mchana wananing'inia kichwa chini, magharibi wanatoka kula mbu na nondo. Sijui lini mara ya mwisho nilichoma dawa ya mbu humu.

Mwezi wa kumi, kwenye mkutano wa mudugudu, yaani wa mtaa wetu, mtu mmoja akalalamika kwamba kibanda changu kinanuka. Kweli kinanuka kidogo, sikatai. Kagabo, ambaye wakati huo alikuwa anakitamani cheo cha mshauri wa afya wa mudugudu kama mtoto anavyotamani andazi, akasimama na kukaza tai.

"Wenzangu, popo iko ndege. Inataga. Leo yai moja, kesho popo mia! Tutoe mabati ya Mama Gwiza, tukusanye mayai yote."

Mwenyekiti wetu, Mukandekezi, ni mama mpole anayemheshimu kila mwenye tai. Akakubali: Jumamosi ya umuganda, siku ya kazi za pamoja za mtaa, Kagabo aingie darini kwanza. Yakipatikana mayai, mabati yang'olewe.

Nilikuwa na sare za shule mia mbili za kushona, na mvua ndiyo kwanza zimeanza. Wa kung'oa bati ni mtaa mzima. Wa kulirudisha ni mimi peke yangu.

Nikamfuata njiani. "Kagabo, popo hatagi. Anazaa na ananyonyesha. Binti yangu Gwiza amelisoma shuleni: ni mnyama kama mbuzi, ila vidole vyake ni virefu na vimewambwa ngozi, ndilo bawa lake."

"Mbuzi inaruka? Banange! Mama Gwiza, wewe shona tu."

"Na wale wakubwa wa mitini huko Kacyiru, wanaokula matunda, wenye uso wa mbwa? Umewahi kuona kiota chao?"

"Wanaficha," akasema, bila hata kupepesa macho.

Jumamosi akaja na glavu za kufika kiwikoni, barakoa, tochi, na kikapu alichokitandika nyasi ili mayai yasivunjike. Anakwenda kuyaangamiza, lakini yasivunjike! Mtaa mzima ukasimama na majembe, shingo juu. Akapanda ngazi, akazama darini. Nusu saa tukasikia mbao zikilia na mtu akipiga chafya, kisha sauti: "Nimepata! Moja imekalia mayai!"

Wallahi nikaanza kuyahesabu mabati yangu.

Akateremka, akafungua kiganja taratibu mbele ya mwenyekiti. Popo jike, manyoya rangi ya kahawa, masikio mapana, vijino vyeupe vikionekana kwa hasira. Na kifuani pake, kimeng'ang'ania kitoto kisicho na manyoya, mdomo umejaa chuchu.

Mukandekezi akavaa miwani. "Kagabo, hiki kinachonyonya ni nini?"

Kagabo akatazama. Jasho likamtoka. "Ni panya, mama. Ndege imekamata panya."

"Panya ananyonya ndege?" akauliza mtu nyuma.

Lo! Tulicheka mpaka majembe yakaanguka. Nami nilicheka, tena kwa kelele kuliko wote, mpaka nilipouona uso wa Kagabo. Ulikuwa umekakamaa.

"Mnacheka?" akafoka. "Basi ng'oeni mabati, tuone wote!"

Kicheko kikakatika. Vijana wawili wakaitazama ngazi. Mwenyekiti akaitazama ile tai. Hapo nikajua kwamba kuwa na haki hakuzuii mvua. Mkono usioweza kuukata, ubusu, na mimi nikaubusu hadharani.

"Jamani, mbona mnamcheka mtaalamu?" nikapaza sauti. "Mtu ametambaa kwenye vumbi nusu saa kwa ajili ya afya zetu! Bwana Kagabo, hebu waambie. Mayai umepata mangapi?"

Akanitazama. Kisha taratibu shingo yake ikanyooka ndani ya tai.

"Sifuri," akasema.

"Mmesikia? Sifuri! Huyu mtu amelimaliza tatizo!"

Akamrudisha yule mama popo na mwanawe walikotoka, akashuka, akatoa daftari na kuandika huku akisoma kwa sauti: "Mayai, sifuri. Kazi imefanikiwa." Mwenyekiti akauliza nani anamtaka awe mshauri wa afya. Mkono wangu ulikuwa wa kwanza kwenda juu.

Mabati yangu yapo, sare zilikamilika. Wiki iliyopita mheshimiwa mshauri alipita kibandani, akashangaa kwamba humu hamna mbu. Akanieleza kwamba mbu hawapendi watu wanaovaa ushungi kama mimi. Nikamwambia ndiyo, mheshimiwa, nikainama juu ya cherehani.